Fuata Kichwa cha Farasi

Mwenye nyumba ya wageni aliitazama miguu yangu kabla hajanitazama usoni. Nilikuwa nimevaa ndara. Si ndara za chooni. Zilikuwa za ngozi, nzuri, zenye mkanda wa nyuma. Nami mtoto wa Jambiani, Unguja, nimekulia juu ya mwamba wa matumbawe, sikuona nani wa kunifundisha kutembea kando ya bahari. Bibi yule akatikisa kichwa, akaingia ndani, akatoka na viatu vya raba alivyovisahau mgeni mmoja, namba thelathini na tisa, vikanienea sawasawa. Kisha akachomoa jiwe kwenye ukuta wa ua wake, akanitia mkononi. Jeusi tititi, lina vitundu tele kama mkate wa kumimina. Nilipolipapasa likanichubua kidole gumba. Basi, sikubishana tena.

Hapo ni Seogwipo, mji wa pwani ya kusini ya kisiwa cha Jeju, Korea Kusini. Nilikuwa Busan nikisoma mambo ya uvuvi, na mwezi wa Novemba nilipopata siku nne za mapumziko nikapanda ndege ya saa moja hivi, nikaenda kufanya jambo ambalo kila mwenzangu wa darasani alikuwa akinisimulia: kutembea kwa miguu pembezoni mwa kisiwa kutwa nzima, bila kiongozi wala kundi. Unaoneshwa njia inapoanzia, unaachiwa.

Mimi jambo hilo lilinitia shaka. Kwetu Unguja mgeni hajatoka vizuri uwanjani ameshapata watu watatu wa kumwongoza, na nimekua nikiamini kwamba asiyeongozwa hupotea, au huibiwa, au vyote viwili.

Kisiwa chenyewe kwanza. Jeju yote imetapikwa na ardhi. Katikati umesimama mlima Hallasan, mita 1,947, mrefu kuliko milima yote ya Korea Kusini, na kuuzunguka kuna vilima zaidi ya 360 ambavyo kila kimoja zamani kilikuwa mdomo mdogo wa moto. Wenyewe huviita oreum. Maandiko ya kale ya Korea yanataja milipuko ya mwaka 1002 na 1007. Tangu hapo kimya. Ukubwa wake ni kilomita za mraba kama 1,850, yaani Unguja na kipande juu yake.

Lakini lililonigusa zaidi ni maji. Mvua Jeju hunyesha sana, ila mito mingi ni mikavu, kwa sababu jiwe lile la vitundu hunywa kila kinachodondoka. Maji hupita chini kwa chini yakaja kufoka pwani, hatua chache tu kutoka kwenye chumvi. Ndiyo maana vijiji vingi vya zamani vimejipanga ukingoni mwa bahari: watu walifuata chemchemi. Mtu wa kusini Unguja hahitaji kuelezwa hilo mara mbili. Jiwe letu ni la matumbawe, si la moto, lakini nalo halishiki maji, na bibi zetu waliteka mapangoni.

Njia ninayoisema inaitwa Jeju Olle. Neno olle ni la lahaja ya kisiwa hicho. Ni ule ujia mwembamba wenye kuta za mawe pande mbili, unaotoka barabarani hadi mlangoni mwa nyumba. Aliyeianzisha ni mwanamke mzaliwa wa hapohapo Seogwipo, Suh Myung-sook, aliyefanya kazi ya uandishi wa habari Seoul kwa miaka mingi. Baada ya kuacha kazi alikwenda Hispania, mwaka 2006, akatembea ile njia ndefu ya mahujaji inayoishia Santiago, na akarudi nyumbani na wazo la njia ya kisiwa chake mwenyewe. Septemba 2007 kipande cha kwanza kikafunguliwa upande wa mashariki. Mwaka 2012 duara likakamilika kuzunguka kisiwa. Sasa kuna njia 27, pamoja na za visiwa vidogo vya jirani, na zote kwa jumla ni kilomita 437. Hakuna tiketi wala lango. Kinachouzwa ni kijitabu kinachoitwa pasipoti, cha kupigia mihuri, na hata hicho si lazima.

Mimi nilichagua Njia ya 7, kutoka Seogwipo hadi kijiji cha Wolpyeong, kilomita 17.6. Wenyewe wanasema ni mwendo wa saa tano hadi sita. Mimi ilinichukua saa tisa. Sababu zake mtazisikia.

Saa moja na nusu asubuhi nilikuwa nimesimama mbele ya farasi wa buluu, kimo chake hakinifiki kiunoni. Huyo ndiye ganse, alama ya njia nzima. Ni umbo la farasi mdogo wa Jeju, na jina lake limetokana na neno la lahaja lenye maana ya mvivu, mwendapole. Palipo na ganse, kichwa chake ndicho kinachokuonesha unakokwenda. Palipo na kituo cha muhuri, unaukuta hapohapo: mmoja mwanzo, mmoja katikati, mmoja mwisho. Nikagonga wa mwanzo, wino ukanitapakaa vidoleni, nikaondoka.

Kati ya farasi mmoja na mwingine kuna mishale na tepe. Mishale imepakwa rangi juu ya mawe, kuta na nguzo za umeme; wa buluu ni wa anayekwenda mbele, wa rangi ya chungwa ni wa anayerudi. Tepe hufungwa mbilimbili kwenye matawi, moja buluu, moja ya chungwa. Buluu ni bahari. Ile nyingine ni machenza, ambayo kisiwa kizima kimejaa mashamba yake, na mwezi wa Novemba ndipo yanapoiva. Kanuni ni moja tu, nayo imeandikwa kila mahali: ukitembea kwa muda hujaona alama, usisonge mbele. Rudi ulipoiona ya mwisho, uanze upya kutafuta.

Sasa hapo kwenye tepe ndipo nilipochelewa mara ya kwanza. Mama yangu analima mwani. Tangu nikiwa skuli ya msingi kazi yangu baada ya masomo ilikuwa kukaa uani na rundo la mbegu nikifunga taitai, vile vikamba vidogo vinavyoshika shina la mwani kwenye kamba ndefu. Ukikaza mno, shina linakatika. Ukilegeza, bamvua linakuja kulichukua. Kwa hiyo nikiona kitu kimefungwa kwenye kitu, siwezi kupita hivihivi. Nikausogelea utepe wa kwanza kulitazama fundo lake. Lilikuwa limepigwa mara mbili, na limeachiwa nafasi kidogo ili tawi linenepe. Mtu aliyelifunga alijua kuwa mti hukua. Nikapiga picha.

Mwendo wa saa nzima hivi kutoka mjini unafika Oedolgae, nguzo ya jiwe iliyosimama peke yake ndani ya maji, mita 20 kwenda juu, na misonobari michache imeota utosini mwake. Lava iliyokuwa laini pembeni imeliwa na mawimbi, ngumu ikabaki. Wenyeji wanasema ni bibi aliyesimama kumngoja mumewe aliyekwenda kuvua asirudi. (Kwetu hadithi ingeanza hivyohivyo, na mwisho wake pangekuwa na mzimu na sahani ya halua.) Mabasi ya watalii yanaishia hapo, kelele nyingi, vijiti vya kupigia picha kila upande. Nikapita.

Baada ya Oedolgae watu wanapungua na njia inabana. Mkono wa kushoto ni bahari, na itabaki kushoto kutwa nzima kwa sababu unaelekea magharibi. Mbele unakuja mteremko wenye vichaka, na ujia unaokatiza ubavuni mwake kwa ngazi za mawe na udongo. Panaitwa Subong-ro, kwa jina la mtu aliyeuchimba, Kim Soo-bong, mmoja wa walinzi wa Olle. Mwishoni mwa mwaka 2007 alifuata pale walipokuwa wakipita mbuzi, akapanua kwa sururu na chepe hadi binadamu naye akaweza kupita. Hakuna mashine iliyoshuka pale, na ukipatazama unaona isingeweza. Nilipita polepole, nikikanyaga ngazi za mtu nisiyemjua, zimewekwa kwa urefu wa hatua ya kawaida. Hata mimi mfupi sikuhitaji kujinyoosha.

Kabla sijasahau, neno kuhusu kutembea peke yako. Mwaka 2012 mwanamke mmoja aliyekuwa akitembea peke yake kwenye Njia ya 1 aliuawa, na njia ile ikafungwa kwa muda. Sisemi ili kutisha; Korea ni nchi tulivu, na mimi nilitembea. Lakini nilimwachia bibi wa nyumba ya wageni jina la njia na saa ya kurudi, nilichaji simu, na nilikariri namba mbili: 112 ya polisi, 119 ya uokoaji. Wenye Olle wenyewe wanataka uwe umemaliza kabla ya saa kumi na mbili jioni wakati wa joto, na saa kumi na moja wakati wa baridi. Ramani ya Google, nilipokwenda, ilikuwa haimwelekezi mtembea kwa miguu Korea. Wenyeji wanatumia Naver au Kakao. Dhoruba kubwa huja zaidi Agosti na Septemba, na bahari ikichafuka usibishane nayo, pita barabara ya juu.

Nilisikia Beophwan kabla sijaiona. Ilikuwa sauti kama ya ndege, nyembamba, ya kuvuta: huiiii. Kimya. Halafu tena, upande mwingine: huiiii. Nikatazama mitini, hakuna kitu. Nikatazama majini, nikaona maboya ya rangi ya chungwa, manane au tisa, na pembeni ya kila boya kichwa cheusi kinazuka na kuzama.

Hao ndio haenyeo, wanawake wa bahari. Wanapiga mbizi hadi mita kumi hivi, bila mtungi wa hewa, kwa pumzi yao tu, dakika moja au hata mbili, wakichuma mwani, konokono, majongoo ya bahari, pweza na abaloni, yule konokono mwenye ganda moja pana anayeuzwa ghali. Wakizuka, wanapuliza pumzi kati ya meno, na hiyo ndiyo sauti niliyoisikia, wanaiita sumbisori. Boya ni tewak, zamani lilikuwa buyu. Chini yake unaning'inia wavu wa kutilia wanachopata. Wana daraja tatu, kwa ustadi, na wa juu ndiye anayesoma bahari kwa niaba ya wote. Miaka ya 1960 walikuwa zaidi ya 20,000. Leo hawafiki 3,000, na wengi ni vikongwe. UNESCO iliwaorodhesha mwaka 2016. Beophwan kuna hata skuli ya kufundisha kazi hiyo, maana binti zao hawaitaki.

Nilikaa juu ya ukuta wa bandari nikachagua boya moja, nikaanza kuhesabu. Alipozama nilishika pumzi pamoja naye. Nilipofika ishirini na nane nikaachia, kifua kinawaka. Yeye akazuka kwenye hamsini na tatu, akapiga mluzi wake, akatia kitu wavuni, akazama tena hata sijamaliza kuhema.

Baadaye mmoja akatoka majini kwenye ngazi ya mawe. Ndani ya maji alikuwa samaki. Nchi kavu alikuwa bibi wa miaka sabini na kitu, mgongo umepinda, anatafuta pa kuegemea. Nikateremka kumshikia wavu. Mzito! Nilijua la kumwita: Jeju kila mtu mzima huitwa samchun, yaani mjomba, awe mume au mke. Nikasema, "Samchun," nikainamisha kichwa, na Kikorea changu kikaishia karibu hapo. Akaniuliza ninakotoka, nikamwambia Afrika, Tanzania, kisiwa. Nikafungua simu nikamwonesha mama yangu, amesimama kwenye maji ya magoti, kanga imefungwa kiunoni, kamba ya mwani mikononi. Akaishika ile simu kwa vidole vilivyojikunja kwa maji, akawaita wenzake wawili. Wakaitazama picha muda mrefu. "Miyeok?" mmoja akauliza, akitaja mwani wao wa kupikia supu. Nikatikisa kichwa, si huo. Akaonesha kwa kidole yale maji ya magotini, akaniuliza kitu, akacheka. Nilielewa bila kamusi: mbona mama yako halowi kichwa?

Ningemweleza kama ningeweza. Mwani ulipoanza kulimwa pwani ya mashariki ya Unguja, mwaka 1989, sifa yake ilikuwa hiyohiyo: unalimwa kwa miguu, maji yakipwa, na asiyejua kuogelea naye anapata. Wengi wa mama zetu hawajui kuogelea. Siku hizi maji ya kina kifupi yamekuwa na joto, mwani unaoza, wanaambiwa waende kwenye kina kirefu, na hapo ndipo penye shida.

Nilikula chakula changu palepale. Kimbap, wali uliobiringishwa ndani ya shuka la mwani mkavu. Mwani kila mahali siku ile. Tahadhari kwa Muislamu mwenzangu: hata ile inayoitwa ya jodari aghalabu huwekwa kipande cha nyama ya nguruwe ndani. Nilijifunza kusema "toa hemu" kabla sijajifunza kusema asante. Nikatia udhu kwenye bomba la bandari, nikasali adhuhuri nyuma ya ukuta usiopigwa na upepo. Kibla ya Jeju iko magharibi, ikielemea kaskazini kidogo, kwa hiyo nilipotoa salamu nikainuka nikawa naendelea karibu na kulekule nilikokuwa nimeelekea. Nyumbani kibla ni kaskazini, bahari mkono wa kulia.

Baada ya Beophwan ndipo njia inashuka kwenye mawe yenyewe. Si mchanga, wala si mwamba bapa kama wetu. Ni mawe ya mviringo, mengine kama nazi, mengine kama mtungi, yamesukumwa na bahari miaka na miaka. Wimbi likirudi, yanagongana, mngurumo unapita chini ya miguu yako. Wenye Olle waliyapanga kwa mikono, jiwe moja moja, ili watu wapite hadi mbele ya kisiwa kidogo cha Seogeondo, ambacho maji yakipwa unakifikia kwa miguu. Hata yakipangwa, bado ni mawe. Nilijitungia kanuni baada ya kuteleza mara mbili: jiwe la kijivu kanyaga, jeusi liache. Ikikauka, lava hii huwa ya kijivu na inashika soli kama msasa. Likiwa jeusi limelowa, na lenye rangi ya kijani limeota ukoga, hilo hata usilitazame. Mikono iwe mitupu. Simu begini. Ukitaka kutazama bahari, simama kwanza.

Mimi nilitaka kutazama bahari huku nakwenda, na ndivyo nilivyopotea. Njia ilipopanda kutoka mawe kuingia mashambani, niliona kitambaa cha buluu kinapepea kwenye uzio, nikakifuata. Mbele kingine. Na kingine. Kuta za mashamba ya Jeju ni mawe meusi yaliyopangwa bila udongo wala saruji, yana mianya unayoona jua upande wa pili; upepo wa kisiwani ni mkali, na ukuta uliozibwa ungesukumwa ukaanguka, huu unauachia upepo upite. Nilikuwa naustaajabia ukuta huo, robo saa, dakika ishirini, hadi ukuta ukaisha na mimi nipo katikati ya shamba la machenza, mbele yangu kibanda cha plastiki na mbwa aliyefungwa ambaye hakupendezwa nami.

Nikageuka kukitazama kile kitambaa cha mwisho kwa karibu. Hakikuwa utepe. Kilikuwa kipande cha kamba ya nailoni ya kuvulia, ya buluu, mkulima amefungia uzio wake. Yaani taitai! Mtoto wa mkulima wa mwani amepotezwa na taitai. Na kile cha rangi ya chungwa, kilichopaswa kuwa pembeni yake, sikukiulizia hata mara moja. Kanuni walikuwa wamenipa: tepe ni mbili.

Mzee mmoja mwenye kofia ya majani akatoka kibandani. "Samchun, Olle?" nikasema, nikionesha pande zote nne kwa mkupuo. Akacheka, nadhani si mimi wa kwanza. Akaning'olea machenza matano, akayafuta moja moja kwenye suruali, akanisindikiza hadi kona ambapo palikuwa na mshale wa buluu mkubwa kama sinia, nimeupita hatua mbili kutoka ulipo. Ukoo wa yale machenza ni mmoja na wa yetu ya Ndijani, ila maganda membamba zaidi, na matamu kwa namna iliyonyooka, bila ule ukali wa mwisho ninaoupenda mimi.

Kisha Gangjeong. Hapo sina maneno mengi mazuri. Kulikuwa na bapa moja la lava lililolala kando ya bahari kwa zaidi ya kilomita moja, linaitwa Gureombi, lenye chemchemi juu yake. Mwezi Machi 2012 lilianza kulipuliwa kwa baruti ili kujenga kituo cha jeshi la majini, na kituo kikafunguliwa 2016, baada ya miaka ya maandamano. Njia inaiacha bahari hapo, inakwenda kandokando ya uzio mrefu. Tepe zimefungwa hata kwenye barabara ile, ila pwani huioni. Nilitembea nikiwaza ujia mmoja kwetu ambao mama alikuwa akishukia pwani akienda shambani kwake. Siku hizi una ukuta, na mlinzi, na mama anazunguka. Hakuna aliyepiga baruti. Ulijengwa ukuta wa mawe yetu wenyewe, kwa mikono ya vijana wetu.

Kilomita za mwisho miguu haikuwa yangu. Kuna mto kule Gangjeong wenye maji mwaka mzima, jambo adimu kisiwani, na nilitamani kukaa nitie miguu, lakini jua lilikuwa limeshaanza kushuka na saa kumi na moja si mbali. Njia ikaingia kijijini Wolpyeong, mitaa mitulivu, vibanda vya maua, mbwa wengine. Saa kumi na nusu nikamwona farasi. Nikagonga muhuri wa mwisho, kwa pembe, haukutoka vizuri, nikagonga wa pili juu yake ukaharibika zaidi.

Kituo cha basi la kurudi Seogwipo kiko karibu, unalipa kwa kadi ileile ya T-money unayotumia kwenye mabasi ya Busan na Seoul. Wakati nangojea nikampigia mama. Kwao ilikuwa saa nne na nusu asubuhi, siku ya bamvua, maji yametoka hadi karibu na mwamba, nilijua atakuwa shambani na simu kwenye mfuko wa plastiki. Akapokea. Upepo wake na upepo wangu vikapigana masikioni.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Uko wapi, mbona unahema?"

Nikamweleza: kisiwa cha jiwe jeusi, kilomita kumi na saba, peke yangu, hakuna wa kuniongoza. Akasema yallah, umepotea? Nikasema kidogo. Nikamtumia picha ya fundo, nikamngoja aitazame.

"Hili kafunga nani?"

"Wapo watu wa njia hiyo. Wengi wanajitolea tu. Wanapita wakikagua, ukichakaa wanafunga mwingine."

"Wameacha nafasi," akasema. "Vizuri." Nikasikia maji yakichapachapa, anaendelea na kazi yake. Nikamsimulia wale wanawake, ile miluzi, ule wavu mzito, nikamwambia wao huzama kichwa na yote.

"Na mwani wao," akauliza, "kilo wanauza bei gani?"

Nikasema sikuuliza.

"Umetembea kutwa nzima," mama akasema, "umekaa na wenyewe, hukuuliza bei?"